Mtoto Mmoja wa Kike

"Weka kidole hapa, mama, tumalize," Papa Casimir alisema, na kabla Générose hajajibu alikuwa amekwisha kumshika mkono na kukibonyeza kidole gumba chake katika sponji ya wino wa buluu.

Alikuwa na haraka, huyu Papa Casimir, wisie wa tribinali. Kazi yake ilikuwa kuyachukua maamuzi ya juji na kuyafikisha kwenye milango ya watu: leo akamate cherehani ya mdaiwa, kesho redio, keshokutwa mbuzi. Vitu alivizoea. Cherehani hailii ukiichukua, na mbuzi akilia hakuna anayemsikiliza. Leo alikuwa amekuja kuchukua mtoto, na jandarme mmoja nyuma yake mwenye bunduki isiyo na risasi, na tangu waingie katika ua wa Élisée macho yake yalikuwa zaidi kwenye wingu lililosimama juu ya ziwa kuliko kwenye nyuso za watu.

Karatasi ilikuwa juu ya kreti ya bia iliyopinduliwa. Alikuwa ameisoma kwa sauti, kwa Kifaransa kwanza ili watu waogope, kisha kwa Kiswahili ili waelewe: amepokelewa leo, katika hali nzuri, mtoto mmoja wa kike.

"Katika hali nzuri," Générose alirudia. "Kama gunia ya chumvi."

"Njo vile wanaandikaka, mama. Si mimi niliyetunga."

"Na mutoto mwenyewe eko wapi? Unaniwekesha kidole mbele ya kumuona?"

"Wanamuvalisha. Anakuja."

Générose alikivuta kidole chake, akakishika hewani mbali na kitenge chake kizuri, kile cha misa. Kilikuwa kidole kipana, chenye ngozi iliyopasuka kwa chumvi na jua. Alikuwa mwanika ndakala. Kila asubuhi wavuvi wakirudi alinunua beseni zake, akawamwaga wale samaki wadogo juu ya mchanga safi wa ng'ambo ya mto Lukuga, akawatandaza kwa viganja, akawageuza, akawafukuzia kunguru na bata mpaka jioni. Asubuhi hii pia alikuwa amewatandaza, kwa sababu mtu hawezi kuacha kazi kwa ajili ya ahadi ya Papa Casimir. Alimwomba jirani yake, Mama Viviane, awatupie jicho. Lakini Mama Viviane naye alikuwa na wake, na mvua ikija kila mmoja hukimbilia chake.

Miaka miwili. Jumapili moja baada ya misa Élisée, ambaye walikuwa wamekwisha kuachana, alikuja kumchukua binti yao mwenye miaka mitano. Alisema anampeleka kumsalimia nkambo yake, mama mzazi wa Élisée. Ile salamu ikachukua miaka miwili. Kwao Élisée, watu wa kaskazini ya ziwa, mtoto hufuata baba na mbuzi waliotolewa mahari. Kwao Générose, watu wa hapa, mtoto hufuata mama na wajomba. Kila upande ulikuwa na wazee wake wa kusema kwamba jambo hili halina hata mjadala. Ndiyo maana Générose alikwenda kwa juji, ambaye hakuwa wa upande wowote, wala hata wa ziwa.

Kule tribinali Élisée alisimama ndani ya suti mpya ya abakosti, mfanyabiashara wa chumvi na samaki wa mikebuka, mwenye mtumbwi wa mota unaokwenda Kigoma na kurudi, akasema: "Sitwayen juji, mutoto akienda kwa huyu mama atanuka samaki." Yeye! Mtu ambaye mama yake alimzaa akiwa amekaa juu ya nyavu! Juji alicheka, na Générose alikisikia kile kicheko mpaka kwenye meno. Hata hivyo juji yule aliamua haki: mtoto alale kwa mama yake mpaka akue. Générose alirudi nyumbani akiimba. Alidhani kushinda ndiko kupata, maskini.

Kumbe kazi ilikuwa ndiyo inaanza. Mara baiskeli ya Papa Casimir haina tairi, mara jandarme ana malaria, mara kashe, ule muhuri wa tribinali, imesafiri na mwenye funguo. Mkono mtupu haulambwi, na Papa Casimir alikuwa na ulimi mrefu: hakuna safari aliyokwenda ofisini kwake bila kumpelekea sahani ya ndakala waliokauka vizuri, na hakuna sahani iliyorudi. Juu ya ulimi ule karatasi ya juji ilizeeka mwaka mzima.

Mlango wa nyumba ulifunguliwa. Mama yake Élisée alitoka akimshika mkono mtoto wa kike mwenye gauni ya njano, na moyo wa Générose uliruka, kwa sababu ile gauni aliishona mwenyewe. Alikuwa ameituma siku ya Krismasi, akaambiwa mtoto amesafiri. Mtoto alikuja ameinamisha kichwa, ameshika kifurushi kidogo kilichofungwa kwa kitambaa. Alikuwa mrefu kuliko alivyomuwazia. Miguu ilikuwa myembamba.

"Kakuku," Générose alisema polepole. Ndilo jina alilompa akiwa mchanga, kwa sababu alilala mapema, saa ya kuku, kabla taa haijawashwa.

Mtoto hakuinua kichwa.

Na hapo, kwa muda mfupi ambao baadaye hakumsimulia mtu, Générose hakujua. Aliutazama ule utosi, yale mabega, akatafuta ndani yake kitu cha kumwambia ndiyo au hapana, akakuta miaka miwili tu. Mama mzima, amesimama uani kwa watu, hamjui mwanawe! Kati ya yote waliyomfanyia, hilo ndilo lililomchoma kuliko mengine.

Alipiga magoti, akamwinua mtoto kidevu kwa mkono usio na wino. Paji pana. Pengo katikati ya meno ya mbele. Masikio mazima, laini, hayakuwahi kuguswa na sindano. Na binti yake alikuwa na tundu moja sikio la kushoto, kwa sababu alikimbia kabla hajatobolewa la pili.

"Huyu si mutoto wangu," alisema.

"Mama," Papa Casimir alianza.

"Huyu si wangu. Huyu njo mutoto ya Julie."

Julie alikuwa dada yake Élisée, mcheshi, mwenye pengo hilohilo, mtu pekee wa nyumba ile aliyewahi kumtetea Générose. Alifariki kaskazini mwaka uliopita. Habari zilikuwa zimefika ng'ambo ya Lukuga, na Générose alimlilia akiwa amekaa mchangani katikati ya ndakala. Kwamba mtoto wake ameletwa Kalemie, hilo hakuna aliyemwambia.

Élisée alikuwa amekaa kwenye kiti cha kamba, mguu mmoja juu ya mwingine. Sasa ndipo aliposema.

"Tribinali iliandika nini, Papa Casimir? Soma jina."

Papa Casimir alisoma, ingawa alilijua kwa moyo. "Wabiwa."

"Mutoto, jina yako nani?" Élisée aliuliza.

"Wabiwa," mtoto alinong'ona.

"Basi. Njo huyo. Muchukue."

Générose alielewa mara moja, kwa sababu aliijua nyumba ile. Wabiwa ni jina la nkambo mwenyewe. Kwa akina Élisée kila mwana hutoa binti wa kwanza kwa jina la mama yao, ili asife akasahauliwa. Élisée alitoa wake, na Julie alitoa wake. Ili kuwatofautisha, wa Élisée aliitwa Rosalie na wa Julie Martine. Lakini hiyo ilikuwa miaka ya Zaire, na majina ya ubatizo yalikuwa ya nyumbani na kanisani tu. Karani wa serikali akikusikia unayataja aliinua kalamu na kukutazama vibaya. Kwa hiyo juji aliandika Wabiwa, nukta. Élisée hakuvunja amri ya tribinali hata kidogo. Alikuwa ameitii, mwizi huyu, neno kwa neno.

Hasira ilimpanda mpaka akasikia masikio yanavuma.

"Élisée! Umefikisha hapa? Dada yako bado hajaoza, unamutupa mutoto wake kama maji ya kunawa?"

"Chunga kinywa yako."

"Sitachunga! Na wewe, mama," alimgeukia mama mkwe, "ni damu ya Julie hii! Ulimuvalisha nguo wewe mwenyewe? Ulimufungia na kifurushi?"

Mama mkwe alikuwa mwanamke mkavu, mrefu, na mkono wake ulikuwa umeshika fundo la pembe ya kitenge chake, pale ambapo wanawake hufungia pesa au ufunguo, kitu wasichotaka kipotee. Hakuwa akimtazama Générose wala mwanawe. Zaidi ya yote hakuwa akimtazama yule mtoto.

"Nimemulea yule," alisema mwishowe. "Nimemulea miaka mbili. Analala na miye. Mumoja ameisha kufa kwangu. Wa pili siwezi kumutoa."

"Na huyu? Huyu wa tatu je?"

Martine aliinua kichwa mwenyewe kwa mara ya kwanza. "Nkambo," aliuliza, "nitarudi siku gani?"

Papa Casimir alijifuta jasho, akaitazama karatasi kana kwamba ingemsaidia.

"Mama Générose, sikiliza. Karatasi inasema Wabiwa. Baba anasema huyu njo Wabiwa. Mutoto mwenyewe anasema Wabiwa. Miye si Sulemani. Kazi yangu ni kutoa mutoto hapa na kukupa wewe."

"Angalia masikio yake! Wangu nilimutoboa!"

"Tundu zinazibaka."

"Papa Casimir, ndakala zangu umekula mwaka muzima. Zimekuziba macho ao tumbo?"

Jandarme alicheka, kisha akakohoa ili kuficha. Papa Casimir hakucheka. Alijinyoosha, akavaa sauti ya ofisini.

"Sitwayen, chagua. Unaweka kidole, unaondoka na mutoto. Huweki, naandika kama mama amemukataa mutoto mbele ya shahidi. Kesi imekwisha namna mbili zote."

Kidole gumba kilikuwa bado hewani, buluu. Ulikuwa mtego uliokazwa vizuri. Akiweka, Rosalie amekwisha kupokelewa, katika hali nzuri, na hakuna juji atakayemsikiliza tena. Asipoweka, yeye ndiye mama aliyekataa. Na katikati ya zile namna mbili alisimama mtoto wa Julie na kifurushi chake, akitazama kile kidole, akingoja kujua kama anatakiwa. Générose alitaka kumpiga mtu. Alitaka kuipindua ile kreti na wino wake. Wazo moja baya lilimjia, amchukue huyu, amfiche, aseme nipe wangu nikupe wako. Akaliona lile wazo linafanana na Élisée kabisa, akalitema.

Tone la kwanza la mvua liliangukia karatasi. Kisha matone mengine makubwa, mazito, yakapiga mabati, na wingu lote la ziwa likawashukia.

Katika nyumba yoyote ya samaki mvua haingoji kesi. Katikati ya ua kulikuwa na kichanja kirefu cha mikebuka iliyotiwa chumvi, kazi ya wiki nzima. Mama mkwe aligeuka bila kufikiri, kama alivyogeuka katika mvua zote za maisha yake, akapaza ile sauti ambayo wavuvi waliisikia kutoka majini.

"Wabiwa! Wabiwa weee! Anua samaki!"

"Yee, nkambo!" alijibu Martine, akatupa kifurushi chini.

"Yee, nkambo!" ilijibu sauti nyingine. "Nimefungiwa!"

Ilitoka nyuma ya mlango wa mabati, mwisho wa ua, kwenye depo ya chumvi. Ngumi ndogo ikagonga mara kadhaa, haraka haraka, ngumi ya mtoto anayejua kwamba samaki wakilowa kutakuwa na kelele.

Mama mkwe alisimama, mikono imejaa mikebuka. Élisée alifumba macho. Mvua ilikuwa ikimwagika na hakuna aliyesogea, isipokuwa Martine, ambaye aliendelea kuanua samaki kwa sababu ndivyo alivyoagizwa.

Générose alikuwa amekwisha kufika mlangoni. Kufuli lilikuwa kubwa kama ngumi yake. Alilivuta mpaka mabati yakalia.

"Fungua! Papa Casimir, umesikia! Fungua!"

"Ni mvua," Papa Casimir alisema, akiikunja karatasi na kuisukuma ndani ya shati. "Mvua inapiga makelele mingi."

"Chef, mimi nimesikia mutoto," jandarme alisema.

"Wewe hulipwi kusikia."

"Hata kubeba bunduki silipwi, chef. Lakini nimesikia."

Papa Casimir alimkata jicho. Kisha akasema, bila kumtazama Générose, kwamba kuvunja kufuli kunaomba karatasi ingine, yenye kashe ingine, na kwamba atamuona juji wiki ijayo kama juji amekwisha kurudi. "Unaweka kidole, mama, ao huweki? Nakwenda."

"Siweki. Na andika vizuri. Andika kama mutoto alijibu."

Hakuandika kitu. Alipandisha suruali, akaikokota baiskeli yake ndani ya matope, na jandarme akamfuata huku akigeuka nyuma mara kwa mara. Ndivyo serikali ilivyoondoka. Wino wake ulibaki juu ya kreti, unajaa maji.

Générose alikaa chini. Alikaa palepale mbele ya mlango wa depo, katika maji, na kitenge chake cha misa, akauegemeza mgongo wake kwenye mabati.

Élisée alikuja, amejifunika gunia kichwani. "Ondoka kwangu."

"Tribinali ilisema mutoto alale kwa mama yake."

"Nimesema ondoka!"

"Mama yake atalala hapa," Générose alisema. "Leo hapa. Kesho hapa. Watu wa misa watapita, watauliza, nitawaambia. Wavuvi yako watapita, nitawaambia. Kila mwenye kuja kununua chumvi atanirukia kwanza. Nipige, kama unataka. Jandarme hajafika mbali."

Élisée aliinua mkono. Kando yake, Martine alikuwa amesimama na mikebuka miwili ya mwisho, gauni ya njano imemganda mwilini, akimtazama mjomba wake na ule uso wa Julie. Mkono ulikaa juu kidogo, ukashuka, ukavuta gunia vizuri kichwani. Aliingia ndani na kuubamiza mlango.

Ng'ambo ya Lukuga ndakala walikuwa wakielea sasa, au walikuwa wamekwisha kurudi ziwani. Kesho wangenuka mpaka barabarani. Générose aliwafikiria mara moja tu, akawaacha waoze. Hasira haikuwa imepungua. Ilikuwa imekaa naye pale chini, imemkalia vizuri, na hakuwa na haja ya kupiga kelele tena.

Martine alikuja akaketi kando yake, si karibu sana. Générose alimvuta, akamfunika upande mmoja wa kitenge. Mtoto alikuwa anatetemeka. "Usiogope," alimwambia. "Mimi nilimujua mama yako."

Kisha aliinama mpaka shavu likagusa matope. Chini ya mlango kulikuwa na uwazi, upana wa kiganja kilicholala. Ndani kulikuwa na giza na harufu ya chumvi ya Uvinza.

"Kakuku," alisema.

Mtu alivuta pumzi.

"Nani?" sauti iliuliza.

Miaka miwili Générose alikuwa amelitayarisha jibu la neno moja, mama, na sasa hakulitumia. Akaingiza mkono wake chini ya mlango, akauacha pale, kiganja juu.

Alisikia magoti yakitambaa. Kisha pumzi ya moto karibu kabisa na vidole vyake. Mtoto alikuwa akiunusa mkono: mara moja, mara ya pili, muda mrefu zaidi. Ndakala haitoki katika ngozi hata ukiosha kwa sabuni ya misa. Générose alingoja, na hakuna karatasi duniani aliyowahi kuingoja namna ile.

Vidole vidogo vilikizunguka kidole gumba chake, vikakishika.

Baadaye, mtoto alipobadilisha mkono ili apumzike, kiganja chake kilipita kwenye ule mwanga wa chini ya mlango, na Générose akakiona kina alama ya wino, buluu, imejaa vizuri. Nyuma yake alisikia hatua ndefu za mama mkwe zikija polepole ndani ya maji kutoka upande wa nyumba. Zilimkaribia, zikasimama. Hakugeuka kuona kama lile fundo la kitenge limefunguliwa. Kidole chake kilikuwa bado kimeshikwa, na hakutaka kukitikisa.